KULI ALIYESHIKA KAMERA



Mwaka 1926 meneja mmoja Mwingereza wa mashamba makubwa ya Afrika Mashariki, jina lake Notcutt, alipata wazo. Aliona kuwa sinema ikionyeshwa kwenye kambi za vibarua huenda ikawafanya watulie na waridhike na kazi. Wazo hilo halikufa. Kati ya mwaka 1935 na 1937, yeye mwenyewe aliongoza mpango wa kutengeneza filamu huko Vugiri, Tanganyika, kwa ajili ya Waafrika. Filamu hizo zilizungushwa kwa lori, zikiwafundisha watu mambo ya afya na kilimo, kulipa kodi na kuweka akiba posta. Haikuwamo hata moja ya kumfundisha kibarua namna ya kudai nyongeza ya mshahara.

Nayataja haya mwanzoni kwa sababu wapo wenzetu wanaosema kuwa habari za sinema hazina nafasi katika gazeti la chama cha wafanyakazi. Wanasema sisi tuzungumze mishahara, saa za kazi, nyumba za kambini na dawa zahanati. Ni kweli, hayo ndiyo mambo yetu. Lakini mwenye shamba alitambua mapema kuliko sisi kwamba anayeonyesha picha ndiye anayemwambia mtu afikiri nini juu ya kazi yake. Ikiwa yeye aliona jambo hilo lina faida, hatuna budi kujiuliza lina faida gani kwetu.

Mtu aliyelijibu swali hilo kwa maisha yake yote ni Ousmane Sembène wa Senegal. Alifariki Dakar mwezi Juni mwaka 2007, akiwa na umri wa miaka 84. Wengi humwita baba wa sinema ya Afrika. Mimi napenda kumtaja kwa jina la kazi yake ya zamani: kuli wa bandarini.

MWENZETU

Sembène alizaliwa mwaka 1923 mjini Ziguinchor, kusini mwa Senegal. Baba yake alikuwa mvuvi. Shule hakuimaliza, alifukuzwa baada ya kugombana na mwalimu mkuu. Akafanya kazi za mikono, miongoni mwake uashi na ufundi makanika. Mwaka 1944 akaingizwa katika jeshi la wakoloni wa Kifaransa.

Baada ya vita alirudi Dakar, akakuta nchi inachemka. Tarehe 10 Oktoba 1947 wafanyakazi wa reli ya kutoka Dakar mpaka Niger waligoma. Walikuwa karibu 20,000. Walitaka Mwafrika na Mzungu wanaofanya kazi moja wawe katika daraja moja na wapate haki sawa. Mgomo huo ulidumu miezi mitano na zaidi, hadi Machi 1948. Wasomaji wetu wa pwani watakumbuka kuwa ni mwaka huo huo wa 1947 ambapo wafanyakazi wa Mombasa waligoma mwezi Januari, na makuli wa Dar es Salaam wakagoma mwezi Septemba. Hakuna aliyewapigia simu wenzake. Njaa ilikuwa moja na dharau ilikuwa moja.

Sembène alivuka bahari akaenda Ufaransa, akawa kuli katika bandari ya Marseille. Huko alijiunga na chama kikubwa cha wafanyakazi, CGT. Alishiriki na wenzake katika kukataa kupakia silaha zilizokuwa zikipelekwa kuwapiga watu wa Indochina. Halafu siku moja kazini aliumia uti wa mgongo. Kila mtu aliyewahi kubeba magunia anajua maana yake. Mgongo ukivunjika, kuli hana tena cha kuuza.

Wakati wa kupona, na baadaye alipopewa kazi nyepesi, alisoma. Alisoma vitabu vya maktaba ya chama. Jambo hili viongozi wetu walizingatie. Maktaba ya chama cha wafanyakazi ilimtoa kuli aliyefukuzwa shule ikamfanya mwandishi. Mwaka 1956 alitoa kitabu chake cha kwanza, habari za kuli mweusi wa Marseille. Mwaka 1960 akatoa kitabu kikubwa juu ya ule mgomo wa reli. Ndani yake wanawake wa wafanyakazi hawakai jikoni wakingoja habari. Wanatembea kwa miguu kutoka Thiès mpaka Dakar kuwatetea waume zao.

KUTOKA KALAMU HADI KAMERA

Hapo ndipo alipokutana na tatizo. Kitabu kile cha mgomo kiliandikwa kwa Kifaransa. Wafanyakazi wa reli aliowaandika, wake zao, na wauza samaki wa soko la Dakar, wengi wao hawakuweza kukisoma. Aliyeweza kukisoma ni karani na bwana mkubwa. Aliandika habari za wavujajasho, wakazisoma wasiotoa jasho.

Mtu mwingine angeridhika na sifa. Sembène hakuridhika. Akiwa na umri wa miaka karibu 40, mwandishi mwenye jina, alikubali kuwa mwanafunzi tena. Alikwenda Moscow kujifunza kutengeneza filamu katika studio ya Gorky. Katika mazungumzo yake ya miaka mingi alirudia kusema kwamba yeye binafsi alipenda zaidi kuandika vitabu, lakini sinema ilimfikia mtu ambaye kitabu hakimfikii. Aliiita sinema shule ya jioni. Sisi tunaoijua elimu ya watu wazima, ya kukaa kwenye benchi baada ya zamu huku macho yanafumba, tunaelewa alikuwa na maana gani.

Filamu yake ya kwanza, Borom Sarret ya mwaka 1963, haifikii hata nusu saa. Inaonyesha siku moja ya mtu mwenye mkokoteni wa farasi mjini Dakar. Abiria wengine hawalipi. Kile kidogo alichopata anampa mtu anayemsifu kwa nyimbo za ukoo wake. Halafu anampeleka mteja katika mtaa wa wakubwa, ambako mikokoteni imepigwa marufuku. Polisi anamnyang'anya mkokoteni, na mteja anaondoka bila kulipa. Anarudi nyumbani mikono mitupu. Senegal ilikuwa imepata uhuru miaka mitatu tu kabla ya hapo, na tayari mfanyakazi huyu anajiuliza uhuru huu ni wa nani.

Mwaka 1966 alitoa La Noire de..., filamu ya msichana Diouana. Huyu anachukuliwa na familia ya Kifaransa kutoka Dakar kwenda Antibes, Ufaransa. Alidhani anakwenda kulea watoto. Akifika anageuzwa mpishi, mfuaji na msafishaji, hatoki nje, na haoni kitu ila jiko na chumba chake. Mwishowe anajiua bafuni. Mwajiri anakwenda Dakar kumpa mama yake mzigo na mshahara uliobaki, na mama anazikataa fedha zile. Hakuna hotuba yoyote mle ndani. Mama anakataa tu, basi, na kila mfanyakazi anayeitazama anajua yule mama amesema nini. Ndugu zetu wanaosafiri leo kwenda kufanya kazi za nyumbani katika nchi za Ghuba, ambako wengine wananyang'anywa pasipoti na kufungiwa ndani, wangedhani filamu hiyo imepigwa mwaka jana.

NANI ANALIPA?

Sasa tuje kwenye shida zake, maana ndizo zenye funzo.

Mfaransa alikuwa amejilinda tangu zamani. Mwaka 1934 ilitolewa amri, inayojulikana kwa jina la waziri Laval, kwamba mtu hawezi kupiga filamu katika makoloni ya Kifaransa ya Afrika bila ruhusa ya serikali ya kikoloni. Ndiyo maana mwaka 1955 vijana wa Kiafrika walipotaka kutengeneza filamu waliitengenezea Paris, kwa kuwa kwao hawakuruhusiwa.

Uhuru ulipokuja, amri ilibadilika sura. Wizara ya Ushirikiano ya Ufaransa ilianzisha ofisi ya kusaidia filamu za Waafrika. Mtu anapeleka maandishi ya hadithi yake, ofisi inaamua. Hadithi ya Diouana ilikataliwa. Na hata filamu ikiwa tayari, ingeonyeshwa wapi? Majumba ya sinema ya Afrika Magharibi ya Kifaransa yalikuwa mikononi mwa kampuni mbili za kigeni, COMACICO na SECMA. Zilileta filamu za Marekani, Ufaransa na Bara Hindi. Mwafrika alikuwa na haki moja tu, kununua tiketi.

Ndugu, huu si ugeni kwetu. Mkulima mdogo wa chai anaujua. Shamba ni lake na jasho ni lake, lakini kiwanda, mizani na bei si vyake.

Mwaka 1968 Sembène alitengeneza Mandabi. Safari hii alipata fedha za Ufaransa, lakini kwa masharti, na moja lilikuwa kwamba filamu iwepo kwa Kifaransa. Alifanya nini? Akapiga filamu mara mbili, moja kwa Kifaransa na moja kwa Kiwolofu, lugha ya watu wa Dakar. Ile ya Kiwolofu ndiyo inayokumbukwa. Ni habari ya Ibrahima Dieng, mzee asiye na kazi, ambaye mpwa wake anayefagia barabara za Paris anamtumia hawala ya posta ya franki 25,000. Posta wanamwambia lete kitambulisho. Kwa kitambulisho anahitaji cheti cha kuzaliwa. Kwa cheti anahitaji tarehe ambayo haijui. Huku na huku majirani wanakuja kukopa fedha ambazo hazijatoka. Mwisho ndugu msomi, mwenye suti, ndiye anayemwibia. Ilikuwa mara ya kwanza watu wa Senegal kuketi katika jumba la sinema na kuisikia lugha yao wenyewe katika filamu ndefu.

Wapo waliomlaumu. Walisema: anawatukana Wafaransa huku anakula fedha zao. Lawama hii tuipime kwa haki. Mfanyakazi naye hupokea mshahara kwa bepari, na hakuna anayesema kwa hiyo asigome. Jambo la kuuliza ni je, alinyamaza kwa sababu ya fedha hizo? Hakunyamaza. Na katika miaka iliyofuata alizidi kutafuta njia ya kujitegemea. Aliendesha kampuni yake ndogo, Filmi Doomireew. Alikuwa mmoja wa waasisi wa umoja wa watengenezaji filamu wa Afrika na mmoja wa waliosimamisha tamasha la Ouagadougou lililoanza mwaka 1969. Mwaka 1970 Upper Volta, ambayo leo ni Burkina Faso, ilitaifisha majumba yake ya sinema, nchi ndogo na maskini ikathubutu kufanya walichoogopa wakubwa.

Aliwahi kuulizwa kama watu wa Ulaya wanazielewa filamu zake. Alijibu kwa maana hii: Ulaya si kitovu chake, na kwa nini yeye awe kama alizeti, ya kugeuza shingo kulifuata jua? Wenye mashamba ya alizeti wanajua ua hilo halina hiari. Mtu anayo.

MAKOFI YALIPOKWISHA

Kama shida zingetoka kwa mkoloni tu, hadithi ingekuwa nyepesi. Lakini Sembène aligeuza kamera kuelekea nyumbani, na hapo marafiki walipungua.

Filamu ya Emitaï, ya mwaka 1971, iliwaonyesha wanawake wa Kijola wakificha mpunga wao usichukuliwe na jeshi la Kifaransa wakati wa vita vya pili. Ilizuiwa katika nchi kadhaa za Kiafrika zilizokuwa tayari huru, kwa sababu Ufaransa haikupendezwa.

Filamu ya Xala, ya mwaka 1975, inaanza siku wafanyabiashara wa Kiafrika wanapochukua Chemba ya Biashara. Ngoma zinapigwa, Wazungu wanatoka. Baada ya kitambo kidogo Wazungu wanarudi na mikoba. Ndani yake mmejaa fedha, na kila mheshimiwa anapewa wake. Mmoja wao, El Hadji, anaoa mke wa tatu, na usiku wa harusi anagundua kuwa nguvu za kiume zimemtoka. Gari lake la Mercedes linanyweshwa maji ya chupa kutoka Ulaya. Mwisho wake, ombaomba aliowafukuza barabarani wanaingia nyumbani kwake, na mmoja anamkumbusha shamba la ukoo aliloliiba. Serikali ya Senegal ilikuwa mbia katika kuitengeneza filamu hiyo. Serikali hiyo hiyo ikaikata vipande kabla ya kuionyesha.

Kisha ikaja Ceddo, ya mwaka 1977, juu ya watu wa zamani waliokataa kulazimishwa dini na kuuzwa utumwani. Hii ilifungiwa kabisa nchini Senegal. Sababu iliyotolewa ni ya kuchekesha kama isingekuwa ya kuumiza. Rais Senghor, mshairi na bingwa wa lugha, alitaka jina hilo liandikwe kwa d moja. Sembène aliliandika kwa d mbili na hakukubali kuifuta hata moja. Watu wa Senegal hawakuiona filamu yao mpaka Senghor alipokuwa amekwisha kuondoka madarakani.

Wengine watasema ni ukaidi wa mzee mmoja juu ya herufi moja. Sivyo. Anayekuamulia namna ya kuandika lugha ya mama yako leo, kesho atakuamulia cha kusema kwa lugha hiyo. Na Sembène alikuwa na dawa yake. Wakaguzi walipomkatia filamu, aligawa karatasi kwa watazamaji kuwaeleza ni sehemu zipi zimekatwa. Hiyo ni mbinu ya mtu aliyepitia chama cha wafanyakazi. Mtu wa chama akinyimwa jukwaa, hugawa karatasi langoni.

DENI LA THIAROYE

Baada ya Ceddo ilipita miaka 11 bila filamu mpya ya Sembène. Aliporudi mwaka 1988, alirudi na jambo linalomgusa kila mtu aliyewahi kudai malimbikizo ya mshahara.

Mwaka 1944 askari wa Kiafrika waliopigania Ufaransa, wakatekwa na Wajerumani na kufungwa miaka mingi, walirudishwa Dakar na kuwekwa katika kambi ya Thiaroye. Walidai haki yao, yaani mishahara ya miaka ya kifungo. Wakubwa walizungusha maneno. Askari wakakataa kupanda treni kabla ya kulipwa. Alfajiri ya tarehe 1 Desemba 1944 jeshi la Kifaransa liliizunguka kambi na kuwapiga risasi. Wakubwa walitaja waliokufa kuwa 35. Wanahistoria wengi wanaamini ni wengi zaidi. Wengine 34 walifikishwa mbele ya mahakama ya kijeshi wakahukumiwa. Hivyo ndivyo deni lilivyolipwa.

Sembène, aliyekuwa askari wa jeshi hilo hilo, alitengeneza Camp de Thiaroye pamoja na Thierno Faty Sow. Fedha zilitoka Senegal, Algeria na Tunisia, nchi tatu za Afrika, bila senti ya Ufaransa. Filamu ilipata tuzo kubwa Venice mwaka huo huo. Lakini katika Ufaransa yenyewe haikupata nafasi kwenye majumba ya sinema kwa miaka mingi.

Sasa sikilizeni. Mwezi Novemba 2024, miaka 80 baada ya risasi zile, Rais Macron wa Ufaransa alimwandikia Rais Faye wa Senegal akikiri kuwa yaliyotokea Thiaroye yalikuwa mauaji ya halaiki ya watu. Sembène hakuwa hai kulisoma jambo hilo. Sisemi filamu peke yake ndiyo iliyomlazimisha rais kuandika. Kulikuwa na watoto wa marehemu, wanahistoria na wananchi waliodai bila kuchoka. Lakini nauliza: katika miaka yote ambayo majalada yalifungwa kabatini, nani aliwaonyesha vijana wa Afrika sura za wale askari? Serikali ya aliyeua haikuonyesha. Kuli wa Marseille ndiye aliyeonyesha.

HESABU YA MWISHO

Tukifanya hesabu ya maisha yake kwa macho ya dunia, hasara ni kubwa. Katika miaka zaidi ya 40 alitengeneza filamu ndefu zisizofika hata kumi na mbili. Mwongozaji wa Ulaya au Marekani mwenye sifa kama zake angetengeneza nyingi zaidi. Kwa miaka mingi alikuwa na andiko la filamu juu ya Samori Touré, aliyewapiga Wafaransa katika karne ya 19. Halikupata fedha. Amekufa nalo. Karatasi zake nyingi leo zimehifadhiwa katika Chuo Kikuu cha Indiana, Marekani, na kijana wa Thiès anayetaka kuzisoma hana budi kwanza aombe viza.

Hata hivyo hakuweka kamera chini. Mwaka 2004, akiwa na miaka 81 na macho yamekwisha kudhoofu, alitoa Moolaadé, aliyoipiga katika kijiji cha Burkina Faso. Ni habari ya mama mmoja anayewakinga wasichana wadogo wasikeketwe, naye anapigwa viboko hadharani na mumewe bila kusema neno la kujisalimisha. Wazee wanachoma redio za wanawake ili wasisikie ya nje. Mzee wa miaka 81 alikuwa upande wa wasichana, dhidi ya wazee wenzake. Ilipata tuzo Cannes.

Wapo watakaosema: vizuri, lakini filamu hizo zimemwongezea nani mshahara? Nawajibu kwa mfano wa karibu. Mwaka 1977, mwaka ule ule Ceddo ilipofungiwa, wakulima na wafanyakazi wa mashamba na viwanda vya Limuru, Kenya, walicheza mchezo wa kuigiza kwa Kikuyu katika kijiji cha Kamĩrĩĩthũ, juu ya ardhi na jasho lao. Mchezo ulipigwa marufuku baada ya wiki chache. Mwandishi mmoja wapo, Ngũgĩ wa Thiong'o, akatiwa kizuizini mwishoni mwa mwaka huo. Alikuwa amekwisha kuandika vitabu vikali kwa Kiingereza na hakufungwa. Alifungwa alipowapa vibarua jukwaa kwa lugha yao. Wanaotawala hawapotezi kizuizi kwa jambo lisilo na nguvu. Wao wamekwisha kutujibu kama sanaa ya wafanyakazi ina faida au haina.

TUFANYE NINI?

Maoni yangu ni haya.

Kwanza, chama kisingoje mtu wa nje aje atupige picha. Sembène alihangaika miaka na miaka kupata kamera. Leo kijana wa kiwandani anayo mfukoni, ndani ya simu. Anaitumia kupiga harusi na mpira, na ni vizuri. Lakini mzee aliyekatwa vidole na mashine ya kuchambua mkonge, mama aliyechuma chai miaka 30 na hana kiinua mgongo, nani amewauliza habari zao zikahifadhiwa? Kila tawi liwe na mtu mmoja wa kazi hiyo. Wazee wa migomo wanakufa, na kila anayekufa anazikwa na kitabu kizima.

Pili, tuseme kwa lugha zetu. Taarifa ya mkataba wa hali bora inayoandikwa kwa lugha ya mwanasheria peke yake ni kama hawala ya mzee Dieng. Fedha zimo ndani yake, lakini mwenyewe hawezi kuzichukua.

Tatu, tuzitazame filamu hizi wenyewe. Ofisi za chama, kumbi za kambi na shule za jioni zinatosha. Tuzitafute kwa njia halali, tuzionyeshe, halafu taa ziwashwe na watu wazungumze. Bila mazungumzo tutakuwa tumerudi kwa Notcutt, watu wakitazama na kwenda kulala.

Nne, tuijue njia hii ilivyo. Sembène alipata tabu kwa mkoloni, na baada ya uhuru akapata tabu kwa ndugu yake. Anayesema kweli juu ya mnyonyaji asidhani atapigiwa makofi pale mnyonyaji anapokuwa mtu wa kabila lake, wa dini yake, au kiongozi wa chama chake mwenyewe. Nasi viongozi wa matawi tulipokee hilo. Siku kamera itakapoelekezwa kwetu, tusiwe wa kwanza kutafuta mkasi.

Meneja wa mwaka 1926 alitaka sinema ya kumtuliza kibarua. Kuli wa Marseille alitengeneza sinema ya kumwamsha. Zote mbili zipo mpaka leo, na kila jioni baada ya zamu tunachagua ipi tuitazame.

Umoja ni nguvu.